Mashine ya Kurudisha Wakati

Mwaka 1895 Mwingereza H. G. Wells alitunga hadithi ya mashine ya kuutawala wakati: kishikio kimoja kwenda mbele, kingine kurudi nyuma. Mimi ningevuta hicho cha pili, nirudi jioni ile mama alipopiga simu nami nikasema, "Nimechoka, nitampigia kesho." Kesho ikafika, mama hayupo.

Lakini soma 2 Wafalme 20. Kivuli kilirudi nyuma madaraja 10, Hezekia akaongezewa miaka 15. Kisha akawaonyesha wageni wa Babeli hazina zake zote. Wakati uliongezeka, na kiburi pia.

Hata mimi, nikirudishwa na moyo ule ule, si nitasema tu "kesho"? Kwanza moyo ugeuzwe. Ndugu yangu, ni nani anangoja simu yako? Mpigie leo.