Kuondoka na Kuacha

Wahenga walinena: mwacha asili ni mtumwa. Methali hii tumeizoea hata hatuiulizi kitu. Natuiulize leo, tukiipima kwa watu ambao mababu zao walikuwa watumwa kweli, kwa pingu na kwa hati za mauzo: Wamarekani weusi wa Kusini.

Mwaka 1910, katika kila Wamarekani weusi kumi, tisa hivi walikaa majimbo ya Kusini. Kufikia 1970 waliosalia huko walizidi nusu kidogo tu; watu wapatao milioni 6 walikuwa wamefunga virago na kushika njia ya Chicago, Detroit, New York na Los Angeles. Hawakuondoshwa na ufukara peke yake. Tangu 1896 Mahakama ya Juu ya Marekani ilikwisha halalisha kuwatenga abiria kwa rangi katika mabehewa, na safari yenyewe ikawa somo la kumkumbusha mtu unyonge wake.

Je, hawa waliacha asili? Atasema msomaji kwamba asili yao ni Afrika. Ni kweli, lakini kaburi la bibi lilikuwa Mississippi, na lafudhi waliyoibeba ilikuwa ya huko huko. Muddy Waters alipohamia Chicago mwaka 1943, muziki wa mashamba ya pamba ulihama naye, ukapata gitaa la umeme na sauti mpya. Kusini ilisafiri vifuani mwa wasafiri wake.

Hapa ndipo penye fundo. Katika neno "kwetu" tunachanganya mambo mawili: kuna ardhi, ulimi, chakula na makaburi, na kuna utawala unaoyakalia hayo yote na kujipa jina lake. Mabwana wa Kusini walidai kwamba ubaguzi ndiyo Kusini yenyewe, na anayeukataa si mwenzao. Anayemwita mhamaji msaliti amekwisha likubali dai hilo bila ya kujijua.

Lakini pana hoja nzito upande wa pili. Ni rahisi kupapenda kwenu ukiwa mbali. Gharama huilipa aliyebaki. Tena Kaskazini hakukuwa peponi. Machafuko ya Chicago ya 1919 yaliua watu 38. Na mwongozo alioanza kuuchapisha mwaka 1936 Victor Hugo Green, mtumishi wa posta wa New York, uliwaonyesha wasafiri weusi hoteli na mikahawa ya kuwapokea, Kaskazini na Kusini vilevile. Basi kuhama kuna maana gani, ikiwa ubaguzi nao umepanda treni ile ile?

Namjibu mwenye hoja hii kwa kisa cha mzee mmoja. Agosti 1955 Emmett Till, kijana wa miaka 14, alitoka Chicago kwenda Mississippi kuwazuru jamaa wa mama yake, akauawa kwa kudaiwa kumvunjia heshima mwanamke wa kizungu. Septemba yake Mose Wright, mkulima ambaye kijana alifikia nyumbani kwake, alisimama mahakamani mbele ya wazee wa baraza wazungu watupu, akanyoosha kidole kuwaonyesha waliokuja kumchukua usiku. Washitakiwa waliachiwa huru. Mzee Wright akahamia Chicago.

Nani atathubutu kumwita mtumwa? Alibaki mpaka akalisema neno ambalo aliyeko mbali asingeweza kulisema, kisha akaondoka. Wala siwalaumu walionyamaza; hofu nayo ina haki zake, hasa kwa mwenye watoto.

Kiswahili chetu kimetupa vitenzi viwili, na methali imechagua kimoja. Kuondoka ni kazi ya miguu. Kuacha ni kumwachia dhalimu jina la kwenu alitumie apendavyo. Wako walioondoka Kusini wasiiache hata siku moja. Na wako waliokufa papo hapo walipozaliwa, hali walikwisha iacha zamani.