Kazi ya Pembeni mwa Uwanja
Wapo wanaosema, msikilizaji, kwamba mwanahabari anayesimama pembeni mwa uwanja ni pambo tu la matangazo: humuuliza kocha swali moja mapumzikoni, kocha hujibu kwamba watajitahidi, basi. Shutuma hiyo ilipata nguvu mwaka 2023, mtangazaji mmoja wa Marekani alipokiri hadharani kwamba aliwahi kujitungia taarifa ya mapumziko. Lakini wenzake walikasirika, na hasira ile ndiyo ushahidi wangu. Wangekuwa mapambo, wangemcheka tu na kuendelea.

Heshima waliyoitetea haipatikani siku ya mechi. Mtazame mwanahabari wa michezo wa Marekani, Lesley Visser. Mwaka 1974 aliingia gazeti la Boston Globe, na mwaka 1976 akakabidhiwa timu ya kwao, New England Patriots, mwanamke wa kwanza kupewa kazi ya kudumu ya kuripoti timu ya NFL, ligi ya futiboli ya Marekani. Vibali vya wanahabari enzi hizo viliandikwa kwamba wanawake na watoto hawaruhusiwi kwenye jukwaa la waandishi, na kibali hichohicho alikivaa yeye! Aliporipoti pembeni mwa uwanja kwenye Super Bowl, fainali ya ligi hiyo, mwaka 1995, alikuwa na takriban miaka 20 ya kujuana na makocha na wachezaji. Mtu atasema huyo ni kipaji cha pekee, si kipimo cha wengine. Kweli, ila ujuzi wa kugundua nani anachechemea kabla kamera haijamwona hujengwa mazoezini, kwenye timu moja, katika siku zisizotangazwa na kituo chochote.