Jenerali Aliyesema Kweli
Julai 2023 Jenerali Ivan Popov, kamanda wa Jeshi la 58 la Urusi kule Zaporizhzhia, aliondolewa. Katika sauti iliyorekodiwa aliwaeleza askari wake kisa: aliwaambia wakubwa kwamba vijana wanauawa na mizinga ya Ukraine, na zana za kuijibu hakuna. Mwaka 2025 mahakama ilimhukumu miaka 5 kwa ulaghai, kosa alilolikana.

Nakiri, nilimpenda. Kisha nikajiuliza: mizinga ile ililinda ardhi ya nani? Popov aliwalilia watu wake, na uchungu ule nauamini. Ila alichodai ni kuua vizuri zaidi ndani ya nchi ya wengine. Na kesi ikiwa bado inaendelea, aliomba arudishwe vitani.