Mahadhi ya Nani? Tafakuri Kuhusu Lambada na Uungwana wa Kuazima

Wimbo wa Lambada, uliotolewa na kundi la Kaoma nchini Ufaransa mwaka 1989, ulitufikia Mombasa kwa redio na kwa kanda za kaseti. Sisi tuliokuwa watoto Liwatoni tuliupokea kama tulivyopokea kila kitu kilichoingia kwa mlango wa bahari wa Kilindini: bila kuuliza kilikotoka. Tuliuimba kwa maneno ya kubuni, kwa kuwa Kireno hatukukijua hata neno. Ulipoanza kupigwa harusini, wazee walinung'unikia viuno. Nikiyakumbuka manung'uniko hayo hutabasamu, maana walionung'unika zaidi walikuwa mama zetu, mabingwa wa chakacha; ingawa wao, ni haki tuseme, waliicheza ndani, wanawake kwa wanawake. Mjadala wa maadili wa wakati ule, basi, uliishia kiunoni. Makala haya yanakusudia kuuhamishia penye swali ambalo kwa maoni yetu lilikuwa zito zaidi: mahadhi yale yalikuwa ya nani, na je, aliyeyafurahia bila kujua ana deni lolote?

Mahadhi hayo hayakuzaliwa Ufaransa, wala Brazil. Yalitungwa Bolivia na ndugu wawili, Ulises na Gonzalo Hermosa, wa kundi la Los Kjarkas, yakatolewa mwanzoni mwa miaka ya 1980 katika wimbo wa Kihispania uitwao Llorando se fue, yaani "aliondoka akilia". Ni wimbo wa majonzi ya mapenzi, na sauti yake ni ya filimbi za watu wa milima ya Andes. Mwaka 1986 mwimbaji Márcia Ferreira wa Brazil aliuimba kwa Kireno. Kaoma walipoutoa kwa mdundo wa dansi, kodiani ikiwa mbele, jina lililoandikwa kuwa la mtunzi lilikuwa Chico de Oliveira, na jina hilo lilikuwa la bandia. Ndugu wale walidai haki yao, na hatimaye walitambuliwa na kulipwa. Lakini kufikia wakati huo ulimwengu ulikuwa umekwisha cheza.

Ni rahisi kulaani. Hata hivyo, mhakiki wa Pwani anayelaani kwa sauti kubwa hana budi kwanza kuitazama nyumba yake. Marehemu Mohamed Khamis Juma Bhalo, aliyefariki mwaka 2014, aliijengea taarabu ya Mombasa jina kubwa kwa nyimbo ambazo nyingi katika hizo mahadhi yake ni ya filamu za Kihindi. Maneno yalikuwa yetu, na mengi yalitungwa na jamaa yake, Ahmad Nassir Juma Bhalo, malenga wa Mvita. Lahani ilikuwa ya Bombay. Hatujapata kusikia mtu akimwita Bhalo mwizi. Kwa nini, basi, Kaoma waitwe hivyo?

Jibu la kwanza linalojitokeza ni kwamba utamaduni wetu hutenga neno na sauti. Anayechukua beti za mwenziwe na kuzitia jina lake huaibika mji mzima. Anayechukua lahani husemwa tu kuwa ana sikio zuri. Kaoma walichukua vyote viwili, kwani hata maneno ya Kireno yalitokana na yale ya Kihispania. Jibu hili lina ukweli, lakini halitoshi. Linaeleza desturi yetu ilivyo bila kuthibitisha kuwa ni ya haki, na mtunzi wa muziki wa Bombay angeweza kuuliza ni nani aliyetuambia kuwa jasho la masikio ni jepesi kuliko jasho la ulimi.

Jibu la pili ndilo tunalolishikilia. Bhalo aliazima mbele za watu. Hadhira yake ilikuwa ile ile iliyojaza majumba ya sinema ya mjini, ikayajua mahadhi yale kabla hajayatia maneno ya Kiswahili. Kutambua huko kulikuwa sehemu ya ladha: msikilizaji alipima jinsi vina na mizani vilivyokalishwa juu ya lahani ya kigeni, akashangilia. Chanzo kilikuwa wazi, na sanaa ilikitegemea. Kaoma walihitaji kinyume chake. Ili biashara yao isimame, ilibidi msikilizaji asijue, na jina la bandia liliwekwa kwa kazi hiyo. Kosa, kwa hivyo, tunaliona katika kumfanya msikilizaji kuwa kipofu, wala si katika kuazima kwenyewe. Mtoto wa Liwatoni alidhulumiwa pia, ingawa kwa kiasi kidogo mno ukilinganisha na walivyodhulumiwa ndugu wa Bolivia: alinyimwa kujua kwamba anachochezea ni kilio.

Lakini je, hadhira kujua ni sawa na mwenye mali kuridhia? Si sawa, na hapa hoja yetu inachechemea. Sisi wenyewe tuliuonja uchungu huu. Malaika, uliorekodiwa na Fadhili William yapata mwaka 1960, na ambao Adam Salim alidai kuwa ndiye aliyeutunga, umezunguka dunia kwa sauti za Miriam Makeba, Boney M na wengineo, na wengi walioupenda ng'ambo hawakujua kuwa una ugomvi wa wenyewe. Tunapousimulia mkasa huo huwa wepesi wa hasira. Tunaposimulia filamu za Kihindi huwa wepesi wa kicheko.

Sehemu ya lawama ni yetu sisi wa idara za fasihi. Tumeyachapisha mashairi ya taarabu, tumeyahesabia mizani, tumeyachambulia fani na maudhui, na mahadhi tumeyaacha kama upepo uliopita dirishani. Mwanafunzi huandika tasnifu nzima juu ya wimbo bila kutaja lahani imetoka wapi, naye hupasi. Nami nimewapasisha kadhaa. Tangu muhula uliopita nimeanza kuwadai jambo moja dogo: kila wimbo unaochambuliwa utajwe mtunzi wa maneno na, inapojulikana, asili ya mahadhi. Mmoja wao, kijana wa Mji wa Kale, aliniletea wimbo ambao bibi yake huuimba jikoni, akaniambia maneno ni ya bibi mwenyewe. Mahadhi yalikuwa Lambada. Alitaka kujua aandike nini kwenye mstari wa pili. Nilimwambia aandike Ulises na Gonzalo Hermosa, kisha aende akamwambie bibi.