Kadogo wa Kwenye Filamu

Rachel Mwanza alikuwa ameishi mitaani Kinshasa kabla ya kuchaguliwa kuigiza msichana aliyetekwa na waasi katika filamu ya Rebelle, na mwaka 2012 akatunukiwa tuzo ya Dubu wa Fedha mjini Berlin. Tangu hapo wenye kamera huja Kivu wakidai sura za kweli. Wapo pia wasiozitaka kabisa: The Siege of Jadotville ya 2016, kuhusu askari wa Ireland waliozingirwa Katanga mwaka 1961, ilirekodiwa Afrika Kusini, na kiongozi wa Katanga, Moïse Tshombe, akaigizwa na Mwingereza, Danny Sapani. Kosa hilo la kuzikataa sura za kweli tunalilalamikia upesi. Kisa hiki ni cha lile la kuzidai.

Kijana wa Goma alipewa kazi ya kutafuta waigizaji wa filamu fupi juu ya kadogo, jina ambalo mji huu unalijua tangu 1996, watoto wenye bunduki walipoingia na waasi wa AFDL. Mwongozaji alikuwa na sharti moja: asiletewe watoto wa maigizo ya kanisani. Kijana akazunguka Birere na Majengo hadi Ndosho, akampata mvulana ambaye, alipopewa bunduki ya mbao, aliishika bila kufundishwa. Mwongozaji akafurahi. Hakuna aliyeuliza amejifunzia wapi. Jibu walilijua, na ndilo lililowafurahisha.

Wengi hudhani kazi ya kuchagua waigizaji ni jicho tu. Nusu yake ni maswali: unaishi na nani, nani atakuona, akikuona itakuwaje? Mwigizaji wa Dublin akimaliza kuigiza muuaji huvua sare akapanda basi, na jirani hamwogopi. Huyu wa Ndosho, shangazi yake alikuwa amewaambia majirani kwa miaka kwamba mtoto alikuwa akisoma Butembo.

Shangazi akaletewa karatasi, ya Kifaransa. "Mama, weka kidole hapa, ni ya malipo tu." Akaweka. Zikatoka dola arobaini.

Filamu ikaonyeshwa mtaani, vipande vyake vikasambaa kwa WhatsApp, na watoto wakaanza kumwita kadogo hadharani. Mwishoni mwa Januari 2025 waasi wa M23 walipouteka mji, kila mtu alifuta kwenye simu yake picha ya kumponza. Ya mvulana ilikuwa katika simu za watu asiowajua. Shangazi akamtorosha hadi Uganda, kambi ya Nakivale.

Kutoka huko mvulana akampigia simu kijana aliyemchagua: "Yaya, waambie waitoe sura yangu." Kijana akamwuliza mwongozaji. Akajibiwa kwamba kidole cha shangazi kipo kwenye karatasi.

Wewe unayetafuta waigizaji Goma, isome karatasi hiyo kwa Kiswahili mbele ya mlezi kabla wino haujaguswa, na uandike ndani yake kwamba mwigizaji anaweza kujitoa hata baada ya filamu kukamilika. Mwongozaji akikataa kifungu hicho, usimpelekee mtoto wa mtu.