Miaka Ishirini au Mwezi Mmoja?

Kuna neno linalozunguka sana siku hizi. Nimelisikia kwa kinyozi, nimelisikia kwenye matatu, na nimelisikia hapa hapa kanisani tukinywa chai baada ya ibada: hawa vijana wetu wamelegea, serikali ingewachukua wote kwa lazima iwapeleke jeshini, hata mwaka mmoja tu, wangenyooka. Anayelisema huwa ni mzazi, na huwa amechoka. Ana kijana nyumbani wa miaka 20, alimaliza kidato cha nne, analala mpaka saa nne asubuhi, simu mkononi, muguka mdomoni. Mzazi kama huyo simcheki hata kidogo. Lakini neno lake nataka tulipime, kwa sababu sisi tunakiri kwamba kijana ni wa Mungu kabla hajawa wa nchi. Kusema achukuliwe kwa nguvu si jambo la kusemea juu ya kikombe cha chai halafu tukaenda zetu nyumbani.

Kenya hatuna jeshi la lazima. KDF huchukua wanaojitolea, na matangazo ya usajili yamekuwa yakitaja umri wa miaka 18 hadi 26, kimo kisichopungua mita 1.60, uzito wa kilo 54.55 kwa wanaume na kilo 50 kwa wanawake, na angalau alama ya D katika KCSE. Jambo lililokaribia lazima ni yale mafunzo ya NYS ambayo, kuanzia 1984 na kwa miaka kadhaa, waliochaguliwa kuingia chuo kikuu walitakiwa kuyapitia kwanza. Wengine wenu mliyaona kule Gilgil na mnayo hadithi zake. Ila kumbukeni waliolazimishwa ni akina nani. Walikuwa ni wale waliofaulu mtihani. Yule wa kulala mpaka saa nne hakuna aliyemwita.

Sasa nenda siku moja uwanjani usajili unapofanyika. Utawakuta mamia wamevua mashati na viatu, wanakimbizwa, wanapimwa kimo, wanapanda mizani, wanafungua midomo meno yaangaliwe. Kijana mmoja wa jirani yangu alikula ndizi saba alfajiri na kunywa maji lita mbili ili mizani isimkatae. Ilimkataa, kilo mbili tu. Nimezifikiria sana kilo hizo mbili. Hazikupotea asubuhi ile. Naamini zilianza kupotea akiwa na miaka miwili, mitatu, wakati mama yake alipokuwa akimkorogea uji ambao ungeweza kuuona mpaka chini ya kikombe. Hakuna aliyempandisha mizani wakati ule. Mizani ilikuja alipohitajika.

Hili si letu peke yetu. Waingereza waliligundua kwa aibu kubwa. Mwaka 1899 walianza vita na Makaburu kule Afrika Kusini, wakaita vijana wajiunge. Hakukuwa na lazima, walijitolea, na wengi walitoka kwenye miji ya viwanda. Madaktari wa jeshi walipowavua mashati walikuta vifua vyembamba, miguu iliyopinda, meno yaliyooza. Wakawarudisha nyumbani kwa maelfu. Mwaka 1902 jenerali mmoja, Frederick Maurice, aliandika kwamba kati ya kila watano waliotaka kuwa askari, ni wawili tu waliokuwa bado wanafaa baada ya miaka miwili. Nchi iliyotawala sehemu kubwa ya ramani ikaanza kuogopa. Ikaundwa kamati, ripoti ikatoka mwaka 1904, na mwaka 1906 bunge likapitisha sheria ya kuruhusu halmashauri kuwalisha watoto shuleni. Mwaka uliofuata likapitisha sheria ya kuwakagua watoto afya.

Watoto wale walikuwa na njaa miaka yote. Wachungaji, walimu na wauguzi wa mitaa ya maskini walikuwa wamelia juu yao muda mrefu, na waliosikiliza walikuwa wachache. Ila jenerali alipolia, sahani ilitokea. Hata hivyo sheria ile iliruhusu tu, haikulazimisha. Halmashauri iliyotaka kulisha ililisha, isiyotaka iliachwa. (Mnaona lazima ilivyo na miguu ya kuchagua pa kwenda. Kumlisha mtoto ni hiari, kumpeleka kijana vitani ni amri.) Amri yenyewe ilikuja mwaka 1916, Uingereza ilipoanza kuandikisha wanaume kwa lazima. Kati ya wanaume zaidi ya milioni mbili waliopimwa katika mwaka wa mwisho wa vita, ni 36 tu kati ya kila 100 waliowekwa daraja la kwanza la afya. Baadhi yao walikuwa watoto ilipoandikwa ile ripoti ya 1904.

Na wakati huo huo walikuja kwa watoto wetu. Ukipita Kariokor pale Nairobi, jina hilo ni Carrier Corps lililolainishwa na ndimi zetu. Vita dhidi ya Wajerumani wa Tanganyika vilihitaji watu wa kubeba chakula na risasi mahali ambapo gari halikupita na ng'ombe aliuawa na mbung'o. Mwaka 1915 serikali ya kikoloni ilijipa mamlaka ya kisheria ya kuwachukua kwa lazima, na mwaka 1917 ikawakusanya wengi kwa mkupuo, kupitia machifu. Hapo nako daktari aliwapima, hapo nako wengi walikataliwa. Waliopita walibebeshwa mizigo na kulishwa unga wa mahindi ambao mara nyingi hawakupata muda wala kuni za kuuivisha. Tumbo likawaua. Kuhara damu, malaria na nimonia viliwamaliza kuliko risasi. Kwa hesabu zilizopo, waliokufa kutoka upande wetu wa Kenya ni zaidi ya 40,000. Pale Kenyatta Avenue kuna sanamu tatu za ukumbusho, na mmoja wa wale watatu hana bunduki, ni mbeba mizigo. Ukipita tena mwangalie. Mababu zetu walipimwa na dola mara ya kwanza namna hiyo, si shuleni wala kliniki.

Kuna mtu ataniambia, sawa, lakini jeshi linafundisha. Ni kweli, na sitaki kulipita jambo hili haraka, kwa sababu mifano ipo na mizuri. Marekani ilipoandikisha vijana kwa lazima katika Vita vya Pili, iligundua kwamba mamia ya maelfu hawakujua kusoma wala kuandika. Wengi walikuwa weusi kutoka majimbo ya kusini, ambako shule zao zilinyimwa fedha makusudi, na wengine walikuwa wazungu maskini wa milimani. Mwanzoni wakakataliwa. Baadaye watu walipohitajika zaidi, kuanzia mwaka 1943 jeshi likafungua madarasa maalum. Likatunga kitabu cha kuanzia kusoma chenye askari mmoja wa kubuni, Private Pete. Pete anaamka, Pete anakula, Pete anamwandikia mamake barua. Muda wa juu wa mafunzo ulikuwa wiki kumi na tatu, na zaidi ya laki mbili walihitimu. Wanaume waliokaa miaka ishirini wakiambiwa ni wajinga walijua kusoma katika miezi mitatu.

Mwenye kutaka jeshi la lazima ataruka kwa furaha hapo: si umeona? Nimeona. Lakini niambie ni nini kilichowafundisha. Je, ni bunduki? Ni madarasa madogo, mwalimu anayelipwa, kitabu kinachozungumza maisha ya anayekisoma, chakula mara tatu kwa siku, na daktari. Hakuna hata kimoja kati ya hivyo kinachohitaji vita. Jimbo lililosema halina pesa za kumfundisha yule mtoto mweusi akiwa na miaka saba, lilikuwa nchi ile ile iliyozipata alipokuwa na miaka ishirini. Ndiyo maana hadithi ya Private Pete kwangu inafurahisha na kuumiza. Na vita vilipokwisha, mwaka 1946, Marekani ilipitisha sheria ya chakula cha mchana shuleni, na ndani yake ikaandikwa kwamba ni hatua ya usalama wa taifa. Hata sahani ya maharagwe ililazimika kuvaa sare ndipo ipitishwe bungeni.

Kwani mtoto akishiba, sababu inamhusu nini? Hili ndilo swali gumu, na nimelizungusha kichwani wiki nzima. Maharagwe ni maharagwe. Mtoto mwenye njaa haulizi nia ya mpishi, na mimi sitamwondolea sahani kwa kuwa waliomwekea walikuwa wanafikiria mizinga. Ila sababu huamua mambo mawili. Huamua lini unaanza, na aliyekulisha kwa ajili ya vita huanza amechelewa, kama tulivyoona. Tena huamua nini kitadaiwa baadaye. Aliyekulisha kwa ajili ya vita atakuja siku moja na hesabu yake mkononi.

Kama mnadhani natia chumvi, tazameni Eritrea, si mbali na sisi. Sheria yao ya 1995 ilisema utumishi wa taifa ni miezi 18. Ukaja ugomvi na Ethiopia mwaka 1998, na miezi 18 ikawa haina mwisho. Wapo waliotumikia mpaka wakapata watoto, na watoto wakakua. Tangu 2003 mwaka wa mwisho wa sekondari hausomwi nyumbani tena. Mwanafunzi hupelekwa kambi ya kijeshi iitwayo Sawa (jina hilo lingetuchekesha Waswahili kama mambo yake yangekuwa ya kuchekesha), anasoma huku anafanyishwa mazoezi ya kijeshi, anafanya mtihani huko huko, na matokeo ndiyo yanayoamua atatumikia wapi. Shule na kambi vimekuwa kitu kimoja. Wapo watoto wanaoacha masomo makusudi, au wanaorudia darasa mwaka hadi mwaka, ili wasifike huko. Wapo wanaovuka mpaka usiku. Elimu, ambayo mzazi wa Kenya huuza ng'ombe kuitafuta, mtoto wa Eritrea anaikimbia. Na mwezi wa Mei 2002 serikali hiyo hiyo ilifunga makanisa ya kipentekoste, na ndugu zetu kadhaa wameonja jela kwa kuomba kama tunavyoomba sisi. Serikali iliyozoea kumiliki mwili wa kijana haikuona shida kutaka na magoti yake.

Nikarudi kwenye Biblia, maana kuna mtu aliniambia Mungu mwenyewe aliandikisha jeshi. Ni kweli. Katika Hesabu sura ya 1 Musa anaagizwa kuwahesabu wanaume kuanzia miaka ishirini, wote wawezao kwenda vitani, na wanafika 603,550. Lakini soma mpaka sura ya 3. Kabila la Lawi halikuhesabiwa na wale. Linahesabiwa peke yake, na umri wa kuanzia si miaka ishirini. Ni mwezi mmoja. Mtoto wa mwezi mmoja hawezi kubeba mkuki, hawezi kubeba hata kichwa chake mwenyewe, naye anahesabiwa mpaka wanafika 22,000. Sitaki kulilazimisha andiko liseme kisichokuwemo. Walawi walikuwa na utumishi wao, na hesabu ile ilikuwa na sababu yake. Nasema tu kwamba ndani ya kitabu kimoja, mikononi mwa mtu mmoja, kuna hesabu mbili, na sisi tumeipenda moja.

Hata ile ya vita ilikuwa na mlango wa kutokea. Kumbukumbu la Torati sura ya 20 inawaruhusu kurudi nyumbani mwenye nyumba mpya, mwenye shamba la mizabibu ambalo hajala matunda yake, aliyeposa na hajaoa, na hata mwoga. Mwoga! Wazee wetu wangapi wa leo wangemruhusu mwoga arudi nyumbani bila kumtukana? Na Samweli alipowaeleza watu gharama ya kuwa na mfalme, jambo la kwanza alilotaja ni kwamba atawachukua wana wao.

Wengi wenu mnakumbuka maziwa ya Nyayo, kuanzia 1979. Siasa zilikuwamo, sikatai, na baadaye yalikatika. Lakini mtoto wa darasa la kwanza alipewa pakiti yake bila kupimwa kifua na bila kuambiwa atailipa vitani. Chakula cha shule katika kaunti kavu kilichoanza 1980 kwa msaada wa Shirika la Chakula Duniani, serikali yetu ilikichukua yenyewe mwaka 2018. Kwa hiyo tusiambiane haiwezekani mpaka pawe na adui mpakani.

Najua linalobaki. Yule wa miaka 20 tayari amechelewa, yuko nyumbani, na mamake hawezi kungoja tulee kizazi kingine. Huyo naye ahudumiwe, ila aulizwe. Kama anataka KDF, tumsaidie kukimbia asubuhi na kula vizuri miezi sita kabla ya usajili, si ndizi saba siku yenyewe. Kama anataka NYS, aende, wengi wametoka huko na ufundi wa mikono. Kama kusoma ndiko kunakomshinda, na kanisani humu wapo, msijifanye hamuwajui, jumba letu hukaa tupu Alhamisi jioni na tunao walimu wanne waliostaafu. Nimezungumza na wawili. Mmoja amekubali. Mwingine ameniuliza kama kutakuwa na chai, nikamwambia itakuwepo, na mkate pia, maana wanafunzi wenyewe watakuwa wametoka kwenye vibarua na hawajala tangu asubuhi.