Kelele za Melkor

Katika The Silmarillion, kitabu cha J.R.R. Tolkien kilichotoka 1977, miaka minne baada ya kifo chake, dunia inaanza kwa kuimbwa. Mungu, anayeitwa Ilúvatar, anawapa roho wakuu wimbo, kila mmoja aupambe. Melkor anaingiza wake kwa kiburi, na walio karibu naye wanayumba. Wanakwaya mnaijua hiyo: mmoja akipayuka, jirani naye anapotea.

Ilúvatar anamwambia Melkor kwamba hata kelele zake zitaishia kuuongezea wimbo uzuri. Na kweli, baridi yake kali inaleta theluji. Ulmo, mwenye maji, anakiri kwamba maji yamependeza kuliko alivyowaza.

Sawa. Ila angalia ni nani anayesema: mwenye maji mwenyewe. Huku kambini tunaambiwa na wengine, tena wenye nia njema, eti vita imetufundisha uvumilivu. Jamani! Aliyechomewa nyumba akitaka kusema hivyo, aseme yeye. Mgeni asimsemee.

Halafu kuna jambo ambalo wasomaji wengi hulipita haraka. Wanadamu hawakutungwa na roho yeyote kati ya wale. Walikuja na wimbo wa tatu, wa Ilúvatar peke yake. Kwa hiyo Melkor anaweza kumtesa mtu, lakini hakumtunga. Fomu zetu huanzia siku tuliyovuka mpaka, kana kwamba bunduki ndiyo iliyotuzaa. Kabla ya hapo mtu alikuwa fundi cherehani, alikuwa shemeji wa watu, alikuwa na deni dukani.